Uzi maalumu: Harusi ndogo ya watu wachache, kufunga ndoa na kula pamoja bila makuu

#1 · Mleta mada

Wakuu, habari zenu.

Kuna wenzi wengi wanaotamani kufunga ndoa kwa utulivu, wale na watu wao wa karibu, kisha waende zao nyumbani. Wakianza kupanga, wiki chache baadaye shughuli imeshavimba: ukumbi mkubwa, sare, mshereheshaji, na orodha ya wageni isiyokwisha. Nimesaidia kupanga shughuli ndogo kwa miaka kadhaa sasa, nyingi za ndugu na marafiki, na naziamini kwa moyo wote. Uzi huu ni wa anayetaka harusi yake ndogo ibaki ndogo. Wenye uzoefu mchangie, hasa wapishi.

Kwangu mimi kila kitu kinaanzia kwenye idadi ya wageni. Watu huanza na mahali au nguo, halafu idadi inajipangia yenyewe. Anzeni na hesabu hii: kila mgeni mpeni dakika tano za kuongea nanyi kwa raha, mkiwa mmeketi. Wageni 30 ni dakika 150, yaani saa mbili na nusu. Hapo mchana mmoja unatosha kabisa. Wageni 60 ni saa tano. Wageni 120 ni saa kumi, na hakuna harusi ya hivyo, kwa hiyo wengine mtawapungia mkono tu kwa mbali. Amueni kwanza mnataka kukaa na watu wenu kwa muda gani na kwa namna gani, idadi itajitokeza yenyewe.

Baada ya hapo kila mmoja aandike orodha yake peke yake, bila kuonyeshana. Mkikutanisha orodha, majina yaliyo kwenye karatasi zote mbili hayana mjadala. Yaliyobaki muyapitie kwa swali moja: huyu mtu, tungemwalika nyumbani kula chakula cha jioni, yeye peke yake, bila sababu yoyote? Kama jibu linasuasua, mwacheni. Si dharau, ni kwamba nafasi yake ipo siku nyingine.

Wekeni pia kanuni kuhusu wenza na watoto, na iwe moja kwa wote. Ama kila mwenye mke au mume anakuja naye, ama hakuna. Ama watoto wote wanakaribishwa, ama ni wale wa ndugu wa tumbo moja tu. Mkianza kumruhusu huyu na kumkatalia yule, maneno yataanza kabla hata ya siku yenyewe. Na kwenye mwaliko andikeni majina ya wanaoalikwa. Mkiandika "wewe na familia", mmeshapoteza hesabu.

Mahali ndipo panapofuata, na hapo si pa kuumiza kichwa. Uwanja wa nyumbani, bustani, chumba cha nyuma cha mgahawa, veranda ya rafiki. Angalieni mambo machache tu: kivuli saa ile ya shughuli (nendeni mkapaone saa hiyohiyo, si asubuhi wakati shughuli ni alasiri), choo cha kutosha, maji, umeme karibu na pa kupakulia, na pa kukimbilia mvua ikija. Kama hakuna pa kukimbilia, tenti ikodiwe tangu mwanzo. Kuomba mvua isinye si mpango.

Ibada au kiapo chenyewe, robo saa hadi nusu saa inatosha. Ni sehemu fupi, lakini ndiyo siku yenyewe, msiifanye ya kupita. Nitarudi kulisema hili chini.

#2 · Mchangiaji

Mkuu, uzi umekuja wakati wake. Sisi tunafunga ndoa baada ya miezi michache na tumekubaliana watu 36. Tatizo ni wazazi. Kila upande una orodha yake, na kila jina wanalotaja wanasema huyu haachwi. Mnawezaje kusema hapana kwa mzazi bila kuvunja heshima?

#3 · Mleta mada

Ndugu yangu, hongera sana kwanza.

Mzazi usimpelekee majina, mpelekee nafasi. Kaeni nao mapema, kabla hamjamwambia mtu yeyote mwingine, muwaambie: jumla yetu ni 36, na ninyi kila upande mna nafasi sita za kuzijaza mnavyotaka. Nani aingie na nani asiingie ni uamuzi wao, sio wenu. Mzazi akipewa nafasi sita huwa anachagua kwa busara kuliko mnavyodhani, kwa sababu sasa anayekata majina ni yeye. Akija na la saba, mnamuuliza kwa upole: nani ampishe? Msiongeze kiti. Ukiongeza kimoja kwa mama, upande wa pili utasikia jioni hiyohiyo.

Sasa wale wasioalikwa. Hapa ndipo watu wengi hukimbia, na nawaomba msikimbie. Shangazi, mjomba, rafiki wa zamani, bosi aliyekulea kazini, hawa wapigiwe simu na bibi harusi au bwana harusi mwenyewe, kabla hawajasikia kwa mwingine au kuona picha mtandaoni. Maneno yawe mafupi: "Shangazi, tunafunga ndoa mwezi ujao. Tutakuwa wazazi na ndugu wa tumbo moja, na marafiki wachache. Nilitaka ulisikie kwangu mwenyewe. Tukishatulia tutakuja kukusalimia sisi wawili." Basi. Usieleze gharama, usijitetee, usiseme "nafasi zimejaa" maana atajiona alikuwa wa akiba. Na ile ziara uliyoahidi, nenda. Nimeona simu hiyo moja ikimaliza manung'uniko ambayo yangedumu miaka.

#4 · Mchangiaji

Mimi nitapinga kidogo, mniwie radhi. Naona harusi ndogo inanyima ndoa mashahidi wake. Ndoa ni jambo la jamii, si la watu wawili na meza yao. Na wale wanaopenda kutaja tafiti, mwaka 2014 wachumi wawili wa Chuo Kikuu cha Emory kule Marekani walitoa utafiti wa watu zaidi ya 3,000 waliowahi kufunga ndoa. Kila mtu ananukuu nusu ya kwanza tu: waliotumia fedha nyingi kwenye pete na harusi, ndoa zao zilielekea kuwa fupi. Nusu ya pili hawaisemi: waliokuwa na wageni wengi, ndoa zao zilielekea kudumu zaidi. Hilo mnalijibuje?

#5 · Mleta mada

Mkuu #4, umeleta hoja nzito na nakushukuru kwa kuzitaja nusu zote mbili.

Utafiti ule unaonyesha mambo yanayoambatana, hauonyeshi kipi kimesababisha kipi. Mtu mwenye wageni wengi huenda ndiye mwenye ndugu na marafiki wengi wa kumshika mkono ndoa ikiyumba, na hao anao hata asipowaita siku ile. Lakini sitaki kuikwepa hoja yako, kwa sababu kiini chake nakikubali: ndoa inahitaji watu. Ndiyo maana sisemi mwende wawili peke yenu mkarudi na cheti. Nasema wale mtakaowaita wawe watu ambao mwaka ukipita mtaweza kuwapigia simu usiku wa manane, na siku ya harusi muwe mmekaa nao, mmekula nao, wamewasikia mkiahidi kwa masikio yao. Shahidi aliyeketi mwisho wa ukumbi, asiyesikia kiapo, sioni kama amebeba kitu.

Na pale anapotaka watu 200 kwa moyo wake na uwezo wake, namtakia heri. Uzi huu si wa kumshawishi yeye.

#6 · Mchangiaji

Naomba nigusie sheria maana watu wanaisahau wakidhani harusi isiyo rasmi haina makaratasi. Sherehe inaweza kuwa ya kawaida kabisa, ila ndoa yenyewe ina taratibu zake na kila nchi ina zake. Kenya na Tanzania sheria inataka notisi ya siku 21. England na Wales ni siku 28. Ufaransa ndoa inayotambulika ni ile ya kiserikali, na ya dini hufuata baada yake. Jimbo la Colorado kule Marekani wenzi wanaweza kujifungisha ndoa wao wenyewe bila hata shahidi, wakati kwingi mashahidi wawili ni lazima.

Kwa hiyo kabla ya kutangaza tarehe nendeni kwa msajili au kiongozi wa dini yenu mkaulize vitu vitatu: notisi ni siku ngapi, nyaraka gani zinatakiwa, na kama ndoa inaruhusiwa kufungiwa mahali mlipochagua. Hilo la tatu ndilo huwashtua watu. Kuna sehemu sheria haikubali bustani ya nyumbani mpaka kipatikane kibali. Wengi hutatua kwa kusaini ofisini siku moja kabla na mashahidi wao, kisha kiapo mbele ya ndugu kinafanyika kwa nafasi siku inayofuata.

#7 · Mchangiaji

Mimi ni mpishi, napika kwa mikusanyiko midogo. Acha niseme ya jikoni maana kwenye harusi ndogo chakula ndiyo burudani yenyewe. Hakuna muziki mkubwa wa kufunika wali mbichi.

Vipimo. Mchele mkavu hesabu gramu 75 hadi 100 kwa mtu mzima, kutegemea kuna vingine vingapi mezani. Watu 40 ni kilo 3 hadi 4, na kilo moja mkavu ikiiva inakaribia kilo tatu, kwa hiyo usiogope kuona mfuko mdogo. Nyama isiyo na mfupa gramu 150 hadi 200 mbichi kwa mtu. Yenye mfupa ipandishe mpaka 300, kwa sababu mfupa hauliwi. Maji ya kunywa nusu lita kwa mtu ni kiwango cha chini, na kukiwa na jua ongeza mara mbili. Watoto wadogo wahesabu nusu.

Aina za vyakula ziwe chache. Mtu akipanga harusi ya watu 40 akitaka vyakula kumi na viwili, anakwama. Kila aina inataka sufuria yake, moto wake, chombo chake mezani na kijiko chake. Chagua wanga wa aina moja au mbili, nyama au samaki wa aina moja aliyepikwa vizuri kweli, mboga mbili, na kitu kimoja kizito kisicho na nyama ambacho hata mla nyama atakipenda. Hicho cha mwisho usikifanye kama cha fadhila. Kama kuna wageni wasiokula nyama, kipike cha kutosha, kwa sababu wengine watakipakua kabla wao hawajafika mezani. Wenye mzio waulizwe wakati wa kuthibitisha kuja, si siku ya shughuli. Karanga, maziwa, mayai na vyakula vya baharini ndivyo huleta shida mara nyingi.

Usalama sasa, na hapa sina mzaha. Shirika la Afya Duniani linasema chakula kilichopikwa kisikae kwenye joto la kawaida zaidi ya saa mbili, cha moto kitunzwe juu ya nyuzi 60 na cha baridi chini ya nyuzi 5. Kwenye harusi saa mbili zinapita upesi sana: kiapo kimechelewa, picha zimerefuka, na sufuria ipo mezani imefunikwa kitambaa. Wali ndio watu huuamini kupita kiasi. Una mbegu za bakteria ambazo kuchemsha hakuziui, na wali ukiachwa vuguvugu zinaamka na kutoa sumu ambayo hata ukipasha tena haiondoki. Chakula kibaki jikoni motoni mpaka mfungishaji ndoa amemaliza, ndipo kitoke.

#8 · Mchangiaji

Mkuu #7, barikiwa. Swali: kupakua wenyewe au kupelekewa mezani?

#9 · Mchangiaji (mpishi)

Kwa watu 30 hadi 50, napenda mabakuli makubwa katikati ya kila meza, watu wapitishiane. Wageni wasiofahamiana wanaanza kuongea kwa sababu mmoja ana bakuli la mboga na mwingine analihitaji. Inataka vyombo vingi zaidi, basi.

Kama ni kujipakulia, meza ya chakula isigusane na ukuta. Ivute katikati, watu wapite pande zote mbili, foleni inakatika nusu. Sahani mwanzoni kabisa. Kisha wanga, mboga, na nyama mwisho, sahani ikiwa imeshajaa, nyama inatosha wote. Uma na kisu visikae mwanzoni na sahani, mtu anashika vitu vinne kwa mikono miwili. Viviringishe kwenye leso, viweke mwisho wa meza. Kwenye nyama weka mtu wa kupakua, mwenye mkono ulio sawa kwa wote.

#10 · Mchangiaji

Kwenye viti na meza nisaidieni. Tunakodi, sijui za duara au ndefu.

#11 · Mleta mada

Dada #10, kila mtu anahitaji karibu sentimita 60 za ukingo wa meza ili asigongane viwiko na jirani. Meza ndefu ya sentimita 180 inakaa watatu kila upande, sita kwa raha, wanane ukitumia na ncha. Ya duara yenye upana wa sentimita 150 inakaa wanane.

Kwa harusi ndogo mimi huwashauri meza ndefu zilizounganishwa, hata moja ya watu wote kama nafasi ipo. Na bibi na bwana harusi wakae katikati ya upande mrefu, sio kwenye meza yao ya peke yao mbele. Ile meza ya mbele inawatenga na watu waliokuja kwa ajili yao. Mkikaa katikati ya upande mrefu, mnawafikia kwa sauti ya kawaida watu kama kumi bila kuinuka. Chakula cha kwanza kikiisha mnahamia ncha moja, kitindamlo ncha nyingine. Kwa njia hiyo zile dakika tano za kila mgeni zinapatikana bila mtu kupanga foleni ya kuwasalimia.

Nimeahidi kurudi kwenye kiapo. Harusi ikiwa isiyo rasmi, watu hufikiri kiapo nacho kitakuja chenyewe, na mara nyingi kinatoka kikiwa kimefifia. Kiandikeni. Kila mmoja nusu ukurasa, kwa mkono, kwa herufi kubwa, kwenye karatasi ngumu isiyopeperushwa na upepo. Kisomeni kwa sauti nyumbani mara kadhaa mkiwa mmesimama. Simu msizisomee kiapo: jua likipiga kioo huoni kitu, na picha zote mtaonekana mmeinamia simu. Nje, sauti hupotea haraka kuliko ndani, kwa hiyo wageni wakizidi ishirini hivi tafuteni kipaza sauti kidogo au wasogezeni wakae nusu duara karibu yenu. Nusu duara naipenda kuliko mistari, kwani wa mwisho anakuwa mstari wa pili tu. Na jua liwe mgongoni mwa wageni, au la pembeni, wasitazame kiapo wakiwa wamekunja macho.

Chagueni mtu mmoja, asiwe mzazi wala shahidi, wa kushika siku. Huyu ndiye anayejua mfungishaji ndoa anafika saa ngapi, mpishi atolewe ishara lini, pete ziko mfuko wa nani. Namba yake ya simu iandikwe kwenye mwaliko badala ya zenu. Asubuhi ya harusi simu zenu zizimwe.

#12 · Mchangiaji

Na nguo? Mama anasema bila gauni jeupe refu si harusi.

#13 · Mchangiaji

#12, gauni jeupe lilipata umaarufu sana baada ya Malkia Victoria wa Uingereza kulivaa alipoolewa mwaka 1840. Kabla yake maharusi wengi hata huko Ulaya walivaa nguo yao nzuri kuliko zote, ya rangi yoyote. Mwambie mama kwa upendo. Vaa unachoweza kukalia, kulia chakula na kutembelea kwenye nyasi.

#14 · Mchangiaji

Mpangilio wa muda ukoje? Tunaanza saa tisa alasiri.

#15 · Mleta mada

Mkianza saa tisa, wageni waambieni saa nane na nusu na vinywaji viwepo tayari, maana anayefika mapema kwenye jua bila hata maji anaanza siku vibaya. Kiapo saa tisa kamili, mkichelewa sana na robo. Saa tisa na nusu picha za pamoja: andikeni makundi matano au sita tu, na mtu anayewafahamu ndugu wa pande zote awaite kwa majina. Picha za wawili msizifanye hapo, ziachieni saa ya mwisho kabla jua halijazama, mwanga ni mzuri zaidi na wageni wameshashiba. Saa kumi na robo watu wawe mezani. Hotuba ziwe mbili au tatu, baada ya chakula, na wasemaji wajulishwe wiki mbili kabla kuwa wana dakika tatu. Msitoe nafasi kwa "yeyote mwenye neno". Saa kumi na mbili keki na chai. Hapo mnabaki na muda wa kuongea, na huo ndio mliouitia watu.

#16 · Mchangiaji (#2)

Nimerudi kushukuru. Tumewapa wazazi nafasi sita sita. Baba alinyamaza kidogo, kisha akaomba karatasi na kalamu. Kesho yake alileta majina matano akasema la sita tumwachie mama achague. Simu za kuwaarifu wasioalikwa tunaanza Jumapili. Swali la mwisho: chakula kikibaki?

#17 · Mchangiaji (mpishi)

Hongereni. Nunueni vyombo vyenye vifuniko kabla, viwe kama nusu ya idadi ya wageni. Watu wakimaliza kula, kilichobaki kigawanywe papo hapo kikiwa bado cha moto, mtu aondoke nacho akafikie friji. Kilichokaa mezani zaidi ya saa mbili kisifungwe hata kama kinapendeza. Na sahani mbili zenu, za bibi na bwana harusi, zipakuliwe kwanza na zifunikwe jikoni, chini ya uangalizi wa yule anayeshika siku. Mwambieni jina la sahani hizo ni lenu, asimpe mtu.